Viazi vya Jibini Katika Nyumba ya Mama

Makote, Newala
Jumapili, 5 Mei 2024

Dada yangu Pili, Mama Ashraf,

Shikamoo dada.

Kabla ya yote napenda kutangaza, kwako wewe kwanza na kwa wengine baadaye, kwamba siku ya Ijumaa tarehe tatu mwezi huu, mnamo saa tisa alasiri, mbele ya mashahidi wawili na mbuzi mmoja, mdogo wako Hamudi alimenya kiazi mviringo. Kiazi kilikuwa kikubwa. Baada ya kumenywa kikawa kidogo. Kidole kinaendelea vizuri.

Huku sisi ni wazima kwa kiasi cha kuweza kulalamika. Mama Anifa anakusalimu, jino limemtulia. Mihogo imekubali. Watu wameanza kuniletea mashine za kupulizia salfa kwenye mikorosho, na zote zina ugonjwa uleule: zimewekwa ndani mwaka mzima na mafuta tumboni. Kila mwaka nawaonya, kila mwaka wanazileta hivyo hivyo, na ndiyo maana fundi wao anakula.

Sasa nikueleze kiazi kilifikaje mkononi mwangu. Wiki iliyopita Mjomba Mohamedi aliitisha kikao cha ukoo. Unamjua mjomba wetu, akikohoa mara mbili watu wanampisha kiti. Siku hiyo alikohoa mara tatu. Akasema nyumba ya marehemu mama ina zaidi ya miezi sita haijapikiwa, na mila ya ukoo wetu haijabadilika: nyumba ya mama ni ya binti, lakini binti asipopika ndani yake mpaka mwaka wa msiba utimie, anapewa mwanamke mwingine wa ukoo mwenye shida nayo. Na mwenye shida nayo yupo. Anjelina, binti wa mama mdogo, nyumba yake kule Mnyambe imelala chini kwa mvua za Machi, na yeye na watoto wanne wanabanana kwa Mjomba. Kwa hiyo siku yako ya mwisho ni tarehe 12 Oktoba.

Nikauliza, "Mjomba, ni lazima binti awepo, au inatosha mkono wake upike?"

"Mkono wake upike," akasema.

"Mkono huohuo unaandika barua. Akiandika namna ya kupika, na mtu akapika vilevile alivyoandika, aliyepika ni nani?"

Watu wakacheka. Mjomba hakucheka. Alinitazama kama ninavyoitazama mashine yenye mafuta tumboni, kisha akasema, "Lete hiyo barua."

Ndipo nilipokumbuka viazi. Vile vyenye jibini juu, ulivyotupikia kwenye harusi ya binti yetu Anifa. Ugali hauna mwenyewe, hata nikiupika vipi hakuna atakayesema huu ni wa Pili. Lakini vile viazi, tangu Makote hadi mjini Newala, hajawahi kuvipika mtu mwingine. Niandikie basi hatua kwa hatua, kama unayemwandikia mtu mjinga. Au panda gari uje mwenyewe. Hiyo ndiyo barua fupi kuliko zote.

Ningekupigia simu, ila mara ya mwisho nilikwambia Mama Anifa anaumwa jino, ukajibu Mungu amrehemu. Alisikia.

Wako mdogo,
Hamudi

*

Masasi
21 Mei 2024

Hamudi mdogo wangu,

Marahaba. Barua nimeipata, inanuka dizeli. Mwambie Mama Anifa namtakia maisha marefu na meno yote.

Huku tunaendelea. Ashraf amehamishiwa Lukuledi, anafundisha darasa la tano, anasema watoto wanamwogopa. Mimi siamini. Magoti yangu yanatabiri mvua ambayo haiji, na masikio umeshayatangaza mwenyewe. Hosteli ya masista imejaa watu wa semina tangu Jumatatu. Nakaanga mayai sitini kila asubuhi na kila mtu anataka lake tofauti na la mwenzake.

Habari ya nyumba: mpeni Anjelina. Yeye ana watoto, mimi nina magoti. Nimeshasema.

Habari ya viazi: nakuandikia kwa sababu umeomba, si kwa sababu ya nyumba. Na uelewe kwanza unachokipika. Hiki ni chakula cha pembeni. Hakishibishi wala hakijakusudia kushibisha. Kinakaa kando ya kuku, mtu anachota vijiko viwili, anarudi kwa kuku.

Chukua viazi vya Njombe kilo mbili, vile vigumu. Menya, kata vipande vya duara, chemsha mpaka uma upite kwa shida. Kaanga kitunguu kwenye mafuta kidogo, kisiungue. Nyunyiza unga wa ngano vijiko vitatu, koroga, kisha mimina maziwa nusu lita kidogokidogo huku unakoroga. Ukiacha kukoroga utapata madonge, na mimi sitakuwepo kuyatoa. Panga viazi, mwagia huo mchuzi mweupe, panga tena, mwagia tena. Jibini ikwangue juu, ifunike kila kitu. Oka mpaka juu pashike rangi ya korosho iliyobanikwa na mtu mwenye akili.

Oveni najua huna. Tumia ile sufuria pana ya mama, palia mkaa juu ya mfuniko kama unavyopalia wali. Moto wa juu uwe mkali kuliko wa chini.

Jibini nampa Bartholomayo, dereva wa fuso la viazi, pamoja na barua hii. Nimeifunga kwenye gazeti. Nimemwambia asiikalie.

Kuja siwezi. Wageni ni wengi.

Dada yako,
Pili

*

Makote
Jumapili, 23 Juni 2024

Dada Pili,

Shikamoo. Idi ilipita salama. Tulichinja yule mbuzi shahidi, Mungu amlipe. Anifa alikuja na mtoto, mtoto ametambaa hadi kwenye mashine ya jirani yetu Abdulrazaki akaonja salfa. Hajadhurika, ila tangu siku hiyo nzi hawamsogelei.

Bartholomayo hakuikalia jibini yako. Aliiheshimu mno. Aliiweka juu ya dashibodi, mbele ya kioo, na jua likaja naye kutoka Masasi mpaka hapa. Aliponikabidhi gazeti, habari za ukurasa wa mbele na wa nyuma zilikuwa zinasomeka kwa pamoja. Jibini yenyewe ilikuwa imeshuka njiani.

Mjomba Mohamedi alikuja na kiti chake. Nikaisoma barua yako kwa sauti mbele ya kikao. Kuna mahali pamoja nilipatwa na kikohozi, ni pale ulipoandika habari ya nyumba, kwa hiyo hawakupasikia vizuri.

Nilipofika kwenye viazi, Mjomba akainua fimbo. "Chakula cha pembeni maana yake nini?"

"Kinakaa kando ya chakula, Mjomba."

"Ni mboga?"

"Si mboga."

"Ni chakula?"

"Si chakula hasa."

"Kwa hiyo unataka tuhesabu nyumba imepikiwa, kwa kitu ambacho si chakula wala si mboga."

Aliyekuokoa ni Anjelina mwenyewe, ambaye nyumba ikikukosa wewe ni yake. Alikuwa amekaa pale mlangoni anamsuka bintiye. Akasema bila kuinua macho, "Mjomba, mimi nikichemsha chai, nitakuwa sijawasha jiko?"

Mjomba akafikiri muda wa kutosha kunywea hiyo chai. Kisha akatoa hukumu. Viazi vipikwe kila Ijumaa, ndani ya nyumba ya mama, kwa barua. "Lakini hakuna kuongeza wala kupunguza. Ambacho Pili hakukiandika kisiingie sufuriani. Kikiingia, huo ni mkono wa Hamudi, na Hamudi si binti."

Nikapika hapo hapo. Jibini sina, nikamimina mafuta yake yaliyobaki kwenye gazeti. Vipande nilikata kama vya muhogo, kwa sababu hukuandika unene. Nilipofunua mfuniko kuangalia rangi, makaa matatu yakaingia kuangalia pamoja nami. Tukapata kitu cheusi juu na kibichi chini. Wazee walikionja kwa adabu, wakarudi kwenye nyama ya Idi.

Niandikie unene. Na uniandikie jibini inapatikanaje kwa watu wanaoishi chini ya jua.

Mlango wa nyumba ya mama ulikuwa umevimba, nimeupiga randa. Sasa unafunguka kwa kidole. Nakwambia tu.

Hamudi

*

Masasi
14 Julai 2024

Hamudi,

Marahaba. Nimecheka mpaka sista mkuu akaja kuuliza nina nini. Nilimwambia nimefiwa na jibini.

Ashraf amepata mchumba, hajaniambia, nimeambiwa na muuza mkaa. Magoti ni yaleyale.

Unene: kama sarafu mbili zilizobebana. Usifunue funue, harufu itakwambia. Na ukifunua, kung'uta majivu kwanza, beba mfuniko sawasawa, uweke kando, usiuelekeze kwenye chakula. Mama alikufundisha hilo ukiwa na miaka saba, ukaunguza godoro.

Jibini tengeneza. Abdulrazaki si ana ng'ombe wawili wa maziwa? Chukua lita mbili, chemsha, yakianza kupanda epua, kamulia malimau mawili, koroga taratibu. Maziwa yatakatika. Usiogope, ndiyo kazi yake. Chuja kwa kitambaa safi, ning'iniza mpaka maji yaishe. Hiyo ndiyo jibini ya mtu maskini. Haivutiki kama ya dukani, ila inakaa. Kisha loweka korosho mbichi kikombe kimoja, zitwange laini, changanya na hiyo jibini, paka juu. Korosho ndiyo itakayokupa rangi. Haya sikufundishwa na masista, nimeyavumbua mwenyewe siku ambazo lori la jibini halikuja.

Usiniulize tena nakuja lini. Nina kazi.

Hivyo viazi mimi sijavipika tangu mwaka jana. Masista wameniuliza mara mbili, nimewaambia oveni imeharibika. Haijaharibika.

Msalimie Anjelina. Mwambie alisema vizuri.

Pili

*

Makote
Jumapili, 4 Agosti 2024

Dada,

Shikamoo. Mikorosho imetoa maua, Makote nzima inanuka salfa, na mimi nina mashine kumi na nne uani kama hospitali ya wilaya. Mama Anifa anasema nikiendelea kupika nitafute na khanga. Nimemwambia nitachukua yake.

Viazi vimeiva!

Nakueleza taratibu kwa sababu jambo lenyewe halijawahi kutokea. Ijumaa ya tarehe 26 Julai nilikata kwa sarafu mbili, nilizibeba mfukoni kwa kipimo. Maziwa yalikatika, nikaogopa, nikakumbuka umesema nisiogope. Anjelina alitwanga korosho. Mjomba alipinga, akasema huo ni mkono wa tatu. Nikamsomea barua: umeandika zitwangwe, hukuandika na nani. Akarudi kwenye kiti chake. Nilipalia mkaa, nikakaa kwenye kile kigoda cha mama, nikasubiri harufu. Dada, ilikuja. Watoto wa Anjelina waliacha mpira.

Juu palikuwa na rangi uliyoiandika. Nilipotia kijiko pakalia kama majani makavu yanapokanyagwa. Mjomba alipewa wa kwanza. Alitafuna muda mrefu, kama mtu anayetafuta kitu alichokiangusha. Wote tukamtazama. Mwisho akasema, "Kimetulia."

Bartholomayo, ambaye alikuwa ameleta viazi akabaki kuvila, akasema, "Ndiyo vyakula vya hosteli, Mzee. Havina fujo."

"Naona havina fujo," akasema Mjomba, akaongeza kijiko kimoja. Tangu siku hiyo anakuja kila Ijumaa na kiti chake. Anjelina anakula, watoto wanakula, nimeanza kuombwa na majirani. Nakiri kwamba mimi nilikumbuka kile cha harusi ya Anifa kilikuwa na uchangamfu zaidi, lakini harusini kila kitu kinachangamka.

Sasa sikiliza. Mjomba amekubali kwamba nyumba imewashwa moto kwa mkono wako. Amekubali mbele ya watu. Ila amesema mkono uliokuja kwa barua hauwezi kuendelea kufika bila mwenyewe. Kabla ya tarehe 12 Oktoba uje, uingie jikoni kwa mama, ufunue sufuria kwa mkono wako mara moja tu. Hata ukirudi Masasi kwa gari la mchana. Usipokuja, Anjelina ahamie. Anjelina mwenyewe amesema hatahamia mpaka akuone, Mjomba amemwambia hakuulizwa.

Dada, nimeisoma barua yako ya mwisho mara nyingi kuliko viazi vinavyohitaji. Umeandika oveni haijaharibika. Kwa nini basi?

Na kwa nini tangu arobaini ya mama hujakanyaga hapa?

Hamudi

*

Makote
8 Septemba 2024

Dada Pili, shikamoo.

Bartholomayo amepita mara nne mikono mitupu. Anasema unampa salamu na maji ya kunywa, barua humpi. Mabibo kwenye mikorosho yameanza kuwa mekundu. Sisi wazima.

Nimepika Ijumaa. Nitapika Ijumaa.

Hamudi

*

Masasi
24 Septemba 2024

Hamudi,

Marahaba. Ashraf amemleta mchumba, jina lake Mabel, mtoto mzuri, anakula kila kitu. Magoti yangu sitayataja.

Umeuliza, nami nimekaa wiki saba natafuta namna ya kukujibu jambo jingine. Sikulipata. Kwa hiyo nakujibu hilohilo, na ukishalisoma usilisome kwenye kikao. Kohoa.

Siku ile, Alhamisi ya tarehe 12 Oktoba, simu yako ilinikuta saa nne na nusu. Masikio yangu wakati ule yalikuwa bado yanasikia. Ulisema, "Dada, mama ametutoka, njoo, tunakungoja." Nilikuwa na wageni arobaini wa mkutano na trei mbili za viazi hivyo ndani ya oveni. Nilikuwa na aproni. Gari la Newala lilikuwa linaondoka saa tano, na kutoka hosteli mpaka stendi ni dakika kumi kwa pikipiki.

Nilisema nivitoe kwanza.

Havikuwa vimeshika rangi. Nikasema vikitoka vyeupe masista watasemwa na wageni. Nikakaa mbele ya kile kioo cha oveni, Hamudi, nikaangalia jibini inachemka, na ndani ya kichwa changu nilikuwa sifikirii chochote. Nilikuwa naangalia rangi tu. Miaka ishirini na sita mikono yangu imezoea kusubiri rangi. Vilipotoka ilikuwa saa tano kasoro dakika tano. Gari likaniacha. Nikapata jingine saa saba.

Nilifika hapo alasiri, mama ameshazikwa. Mama yangu aliniosha mimi siku niliyozaliwa, akaniosha siku nilipotoka unyagoni, na mimi siku moja tu niliyotakiwa kumwosha yeye nilikuwa nasubiri viazi viive. Mama ameoshwa na wanawake wengine. Walinipokea vizuri, wote walisema tumekungoja sana dada, tumekungoja mpaka basi. Kila aliyesema hivyo alinichoma.

Ndiyo maana siji. Sina uso wa kuingia jikoni kwa mama nikafunua sufuria ya viazi. Viazi vilevile! Wewe katika vyakula vyote vya dunia ulichagua hicho, na nilikuandikia kwa sababu nilisema labda hiyo ndiyo adhabu yangu, niandike kila hatua.

Mpeni Anjelina nyumba.

Pili

*

Makote
Jumapili, 29 Septemba 2024

Dada Pili,

Shikamoo.

Leo habari za nyumbani nitaziweka kando, hakuna aliyekufa wala aliyezaliwa. Barua hii sijamwonyesha mtu, hata Mama Anifa.

Nimekuwa nikikwambia mambo kwa mzaha tangu Mei, kwa sababu kwa mzaha ningeweza kukuita bila kukueleza. Mjomba anadhani napika ili kuokoa nyumba. Mama Anifa anadhani nimeanza kuzeeka. Naomba sasa usome polepole.

Mama alifariki alfajiri, kabla ya adhana. Shehe alikuwa na safari ya Mtwara, akasema tuwahi. Mimi ndiye niliyeshika kila kitu: sanda, mbao, wachimba kaburi, turubai. Nilikuwa na karatasi ya majina ya watu wa kupigiwa simu. Nilimpigia Mjomba. Nilimpigia Anjelina, Mnyambe. Niliwapigia watu wa Lindi na wa Dar es Salaam. Nilimpigia mwenye turubai mara tatu. Watu kumi na mmoja, dada, ninayo bado karatasi.

Jina lako halikuwepo kwenye karatasi. Sikuwa nimegombana nawe. Mtandao ulikuwepo na salio lilikuwepo. Ni kwamba kila jambo la mama siku zote ulilijua wewe kabla yangu. Akiumwa, wewe ndiye uliyeniambia mimi, mimi niliye nyumba ya pili. Kwa hiyo kichwa changu asubuhi ile kilikuhesabu kuwa ni mtu anayejua tayari. Nilikuwa nanawa udongo pale kisimani ndipo Mama Anifa akaniuliza, "Wifi yuko wapi?"

Ndipo nikakupigia. Nikasema tunakungoja kwa sababu sikuweza kusema neno lingine. Nikawaambia watu wote wakwambie hivyohivyo. Wakakwambia, ni watu wema, na mwaka mzima wamenitunzia.

Mama alioshwa saa moja na nusu. Saa tatu na nusu alikuwa ameshafukiwa. Wewe simu yangu ilikufikia saa nne na nusu.

Hata kama ungeacha oveni ikawaka hosteli nzima, usingemkuta. Viazi havikukuchelewesha, dada. Nilikusahau.

Hamudi

*

Nyumba ya mama, Makote
Ijumaa, 11 Oktoba 2024

Hamudi,

Nimefika na fuso la Bartholomayo. Naambiwa umepika mapema, ukaenda shambani kuokota korosho. Naiacha karatasi hii juu ya mfuniko, nimeukung'uta majivu kwanza.

Barua yako ninayo. Nimekaa nayo siku tisa. Siku ya kwanza nilitaka kuja nikupige. Siku ya nne nikagundua nimelala usingizi mzima. Kwa kalamu sitaijibu. Ukirudi tutakaa, na kama hatutasema kitu, pia tutakuwa tumekaa.

Mlango kweli unafunguka kwa kidole.

Mjomba Mohamedi nimemkuta kwenye kiti chake. Nimemwamkia, akaniitikia, akakohoa mara moja tu. Nimefunua sufuria mbele yake na mbele ya Anjelina, kwa mkono wangu. Anjelina nimemwambia alete watoto na vyombo vyake leo hii. Vyumba viko vitatu, mimi nalala kimoja, na hosteli nitawaaga mwisho wa mwezi. Mjomba akataka kuuliza nyumba sasa ni ya nani. Nikampakulia.

Halafu nikavionja na mimi. Nikamwomba Mama Anifa barua zangu, akanitolea kutoka kwenye sanduku lako la spana, nikaketi kwenye kigoda nikazipitia zote, mstari kwa mstari.

Chumvi sikuiandika popote.

Pili